Friza ya Isevya

Karibu, dalali. Usikalie friza,
mguu mmoja umeliwa na kutu.
Niliuziwa ikiwa mpya; wiki ya tatu
sato wa Igombe wakanivundia ndani,
Isevya nzima ikaziba pua.

Baraza liliamua nirudishiwe laki sita na arobaini.
Hukumu hii hapa, naitunza kwenye nailoni
pamoja na kadi ya kliniki ya Nshoma.

Leo Kapama kakutuma unidai
awamu mbili zilizobaki.
Zimebaki za nini?
Mshindi mimi, mdaiwa mimi,
na mlango unaogongwa ni wangu.

Andika kwenye fomu yako:
Mhoja hana deni,
ana risiti.

Ukiondoka, ibebe friza umpelekee.
Ila ngoja, kuku wangu hutagia humo.
Mayai niachie.