Jina Lililokwenda Likarudi

Mama alikuwa akiosha sahani kwa Wataliano, Kasuarina,
na neno hilo lilipigiwa ukelele mara arobaini kwa usiku mmoja:
Margerita, meza ya tatu! Margerita, bila zeituni!
Likazama kwenye povu, likapenya hadi tumboni,
nami nilikuwemo, mwezi wa saba, nikisikiliza.

Bibi Mishi alipoambiwa, aliweka ungo chini.
"Zuleha, majina yameisha Malindi hii?
Mjukuu wangu wampa jina la chapati?"

Mama hakujibu. Alikuwa na lake moyoni.
Siku chache kabla hajaacha kazi
alikuja mgeni, Mgiriki, mwanamke wa makamo, peke yake,
akairudisha sahani jikoni kwa mkono wake mwenyewe,
akainamisha kichwa, akamwonyesha sikio: kitone cheupe.
Kwetu, alisema kwa Kiswahili cha kuungaunga,
margarita si mkate.
Ni hii.

Kwa hiyo mimi ni lulu:
maumivu ya chaza aliyeingiwa na kitu asichoweza kukitema,
akakifunika, akakifunika,
mpaka kikawa mali ya mtu mwingine.

Karani Kahindi hakuwa na habari za chaza.
Aliruka herufi moja, akagonga muhuri,
na cheti changu hadi leo chasema Magarita.
Shuleni wakanifupisha: Magari.
Nikipita wananipigia honi.
Jioni moja nilirudi nikilia, baba akanikuta mlangoni.
Alikuwa mkata mawe machimboni Maweni,
vumbi la matumbawe limemganda hadi kwenye kope,
mweupe kama aliyefufuliwa.
Akasema: gari halilii, mwanangu. Gari linabeba.

Nilipokua nililifuata jina kinyumenyume,
kama mtu avutaye uzi uliofumuka kwenye kanzu.
Nikakuta Wagiriki wenyewe waliliazima.
Lilitoka mashariki, wasema wajuzi wa lugha, pande za Uajemi,
likaja pamoja na lulu zenyewe,
maana kitu kigeni husafiri na jina lake
kama bibi harusi na kungwi wake.
Wagiriki wakaliongezea mkia, wakawapa mabinti zao.
Warumi nao wakalichukua.
Wakristo wakasimulia habari za bikira
aliyemezwa na zimwi akatoka mzima.
(Bibi: "Hiyo naijua. Ila kwetu hakuwa na jina.")
Baadaye huko Ulaya lulu ikasahauliwa,
likabaki ua jeupe la kondeni,
kisha malkia,
kisha jibini juu ya unga.

Lakini uzi ulikuwa na ncha ya pili.
Neno hilohilo, yasemekana, liligeuka njiani,
likapita vinywani mwa watu wa Shamu, likaingia Uarabuni,
na kila ulimi ukalimung'unya kidogo,
hata lililokuwa lulu likawa tumbawe jekundu.
Kidole changu kikasimama juu ya kamusi.
Marijani.

Mama yake Bibi Mishi aliitwa Marijani.
Ndilo jina nililostahili kwa zamu ya ukoo,
ndiyo hasira aliyoifuga miaka thelathini,
akiniita "wewe", akiniita "mtoto wa Zuleha".

Nikaenda kumweleza. Macho yake yamekwisha sasa;
alisikiliza kwa vidole, akivipitisha ukingoni mwa kitanda.
Nilipomaliza alinyamaza kitambo.
"Basi lilikwenda, likarudi."
Kisha: "Na hiyo chapati yenyewe ikoje?"

Nikamletea moja, moto, ndani ya boksi.
Akachambua majani kwa vidole, akayaweka kando.
Akatafuna upande wenye meno, taratibu,
na kwa mara ya kwanza akaniita kwa jina,
akairuka herufi ileile aliyoiruka karani:
"Magarita," alisema,
"chumvi haijakolea."