Mkasi

Tatsuro Ogino, nakujua kwa mlango.
Kila mkanda wako ulioshuka Kilindini
ulipita kwanza mezani pangu, nyuma ya Sinema Zuhura:
mimi, mkasi, gundi, na karatasi ya bodi yenye mhuri.
Kata hapa. Kata na hapa.
Nilikata kwa futi, uso nimeugeuza.

Ulivua viatu, nikakata.
Ulisukuma mlango wa karatasi, nikakata.
Watu wa Mwembe Tayari walikuona ukiingia
na papo hapo ukitoka, tai imekwenda upande.
Wakapiga miluzi, wakadai shilingi zao.

Filamu kumi na tisa.
Nywele zilirudi nyuma kama maji kupwa,
kitambi kikaja, na jina lako
likateremka bangoni, mwaka kwa mwaka,
hadi jirani na la mpiga chapa.
Katika ya mwisho ulikuwa mwenye nyumba,
unagonga, unadai kodi kwa vijana waliojifungia.
Hapakuwa na cha kukata.

Vipande nilivitia kwenye debe la biskuti.
Marehemu Rukiya alidhani ni vifungo.

Jana, Kuze, jua la saa nne,
nimevinyoosha dirishani kimoja kimoja.
Nilijiandaa kutubu.
Nimekuta mtu anamfunika mwenzake shuka,
anajikuna goti,
anatazama kando, nje ya picha,
kama kibarua anayengoja kuambiwa
basi, yatosha, nenda nyumbani.