Sauti ya Chumba

Zulma huanza na viatu.
Vita hagusi. Vita, asema, kila mkongwe
ana hotuba yake aliyokwisha kuikunja mfukoni,
yenye bendera, yenye tarehe.
Viatu havina hotuba.

"Arubaini na tatu," ajibu Hermenegildo Sotelo,
fundi majokofu, nyuma ya stesheni, mji wa Goya.
"Na mguu wangu ni wa thelathini na tisa.
Nikasindilia magazeti.
Magazeti yale yale yaliyosema tunashinda."
Anacheka. Ramona, mkewe, mlangoni, hacheki.

Mimi ni wa sauti.
Nasikia koo linavyomeza mate:
ya kibuyuni au ya kinywani,
maikrofoni haibagui.
Kabla hatujaanza nilichomoa friji lao,
maana linanguruma, na funguo za gari
nikazitia humo ndani, kati ya siagi na nusu ya boga,
tusije tukaondoka bila kulichomeka.
Ujanja wa zamani. Kila wa sauti anaujua.

Kwao Corrientes, asema, joto
hupasua tikiti shambani bila kisu.
Miaka kumi na tisa, hajawahi kuona theluji,
wakampandisha ndege Aprili na koti la mvua za kwao,
wakamshusha Malvinas, kwenye udongo mweusi
unaotoa maji ukiuchimba kiganja kimoja.
"Tuliishi kama vyura.
Ila chura anakula."

Siku ya arubaini akaiba kondoo.
Hapa Zulma haulizi kitu, anazungusha tu pete yake.
Wakamlaza chali nje, mikono na miguu
wakaifunga kwenye vigingi, kama ngozi inayowambwa,
usiku kucha, barafu ikimgandia kwenye kope.

"Waingereza?"
"Wetu. Koplo wetu.
Waingereza sikuwaona
mpaka siku waliponipa chokoleti."

Anajifuta mdomo.
"Mwaka wa tisini na sita akaja dukani,
koplo huyo, na friji la mlango mmoja. Hakunitambua."
"Ukafanyaje?"
"Gesi ilikuwa imevuja. Nikaijaza."
"Basi?"
"Nikamwandikia risiti."

Kisha sekunde thelathini. Ndiyo desturi:
maneno yakiisha tunarekodi chumba chenyewe,
kimya chake, ambacho si kimya cha chumba kingine,
cha kuzibia nyufa siku ya kukata.
Nainua mkono. Hakuna anayesogea.
Kumi. Mbwa, mbali. Kumi na tano.
Chini ya meza soksi mbili zinasuguana, taratibu,
kama mtu anayepekecha moto kwa vijiti.
Ishirini na mbili:

"Alikuja na bintiye. Kashika mwanasesere."

Zulma anafumba macho.
Naandika daftarini: chumba, Goya, cha kwanza, hakifai.
Tukarudia. Cha pili kilikuwa safi.

Friji alilichomeka mwenyewe,
akabaki ameuegemeza mkono mlangoni pake
mpaka liliponguruma. Ndipo akanipa funguo.
Zilikuwa baridi bado.

Tumeshapita daraja, taa za mji nyuma yetu,
Zulma akasema, bila kugeuka,
"Kile cha kwanza usikifute."

Sikuwa nimekifuta.