Mweka Hazina

Mimi ndiye mweka hazina, na kila mwaka
hakosi mgeni mmoja wa kuchekea hilo:
chama cha wanaakiolojia, hazina, umeipata?
Nacheka naye. Hazina yenyewe ni dola mia nne na kumi na mbili,
daftari la mistari, na kopo la stempu
ambazo posta imeshazikana.

Mwaka huu tulikutana chini ya kanisa la Walutheri,
Jumamosi ya theluji ya mwisho,
watu thelathini na mmoja kutoka majimbo matatu,
viatu vikichuruzika mlangoni,
kahawa nyepesi hata unaona sakafu ya kikombe.
Tulisoma majina ya wanachama waliofariki. Manne.
Tukasimama. Mtu akakohoa.

Kisha ajenda ya nne: kijiji cha ukingoni,
pale mto Misuri ulipofungwa ukawa ziwa
kabla sijazaliwa, na tangu hapo ziwa linakula,
mita mbili kwa mwaka, halishibi, halinawi.
Torvald Hegstad akatuonyesha picha ukutani:
duara la nyumba ya udongo, limekatwa katikati kama mkate,
na kando yake alama za matairi, na vishimo vidogo
vya watu wa usiku na mashine zao
zinazolia zikinusa chuma.
"Tuchimbe kabla ya maji," akasema. "Tuchimbe kabla ya wezi.
Tukikawia tutachapisha nini, mawimbi?"
Ana miaka ishirini na tisa. Sauti ilimpasuka mwishoni.
Nilimpenda kwa hilo.

Verna Redfox hakusimama. Magoti.
Alikuwa ameendesha gari saa tano kutoka kwa watu wake, Waarikara,
na kwenye fomu, penye "Taasisi",
aliandika jina la bibi yake.
"Ninyi mnasema eneo namba mia moja na saba.
Sisi tunasema kwetu.
Kila nyumba ilikuwa na shimo la akiba,
mdomo mwembamba, tumbo pana kuliko mtungi.
Mwanamke anashuka kwa ngazi, anapanga mahindi,
katikati anashindilia maboga yaliyokaushwa,
anapanda, anafunika: nyasi, udongo, majivu,
kisha anafagia
mpaka hata jirani hajui amekanyaga nini.
Walikwenda kuwinda, wakarudi, wakala.
Mwaka mmoja wengi hawakurudi.
Mashimo yao bado yamefunikwa."

Torvald akamtazama. "Maji hayatauliza," akasema, taratibu.

"Hayaulizi," akajibu.
"Ndiyo maana nimekuja kwenu, sikwenda kwa maji."

Kwa muda tulisikia mabomba ya kanisa tu,
na mimi nikaitazama kalamu yangu.
Miaka kumi na sita nimeshika fedha za chama hiki
na sikujua kwamba kazi hii ina wakubwa zangu,
wanawake wenye jembe la bega la nyati
na ufagio.

Kura: kumi na saba kwa kumi na tatu.
Tusichimbe. Tuliondoe eneo kwenye ramani zetu.
Tuushike ukingo.
Mmoja hakupiga, maana alikuwa anahesabu.

Mei tukaenda. Torvald, aliyeshindwa, alifika kwanza
na koleo lake, safari hii la kupandia,
uso umemvimba kwa upepo au kwa kununa, sikumchimba.
Verna alikaa ndani ya gari, dirisha wazi,
akitukosoa jinsi tunavyoipanda mierebi:
ndani zaidi, mnaipanda kama maua.
Tukaipanda ndani zaidi.
Ziwa likalamba mawe mapya, likayaonja, likarudi nyuma.
Litakuja tena, sote tunajua.

Usiku nilifungua daftari.
Mierebi, vipande mia mbili: dola tisini.
Mawe, lori moja: mia mbili na themanini.
Salio: arobaini na mbili.
Kwenye safu ya Mahali nikaandika herufi ya kwanza,
nikaifuta,
nikapuliza vumbi la raba.