Bwana wa Pili

Nina mistari kumi na saba.
Nimeihesabu kwa kidole, kama anayehesabu mayai ya kuku wa jirani:
saba ni "Naam, mtukufu,"
minne ni "La hasha,"
mmoja ni kicheko (umeandikwa hivyo, *anacheka*),
na mitano iliyobaki namsifu mwanamke
ambaye tangu sehemu ya kwanza
pete amekwisha kumpa mwingine.

Mchezo ni wa Waingereza wa kale,
wenye misitu isiyo na kima hata mmoja
na watu wasiotambuana wakibadilisha kofia.
Mwalimu Ndanshau ameutia Kiswahili
usiku kwa usiku, kwa kalamu nyekundu.
Msitu wao akauita Rau.
Kima wakarejea, nasi tukaelewa.

Mimi, Eliakunda Moshiro,
mwonjaji kahawa wa zamu ya asubuhi,
nimepewa ubwana kwa sababu ya urefu.
Joho langu lilikuwa pazia la ukumbi wa usharika;
ukinikaribia utaziona pete za kulitundikia.
Upanga kanikatia fundi wa Pasua, kwa bati la paa,
akaniasa: usiuchomoe, utapinda.
Basi sijauchomoa.

Kazini nako ni hivyo hivyo.
Vikombe thelathini mezani; nachota kwa kijiko, navuta kwa mluzi,
nazungusha ulimini Kibosho, Uru, Machame,
nasema: hii ina ukali wa ndimu, hii ilisahauliwa juani,
hii, jamani, hii ni ya kifalme.
Kisha natema.
Miaka ishirini na miwili. Nyumbani nakunywa chai.

Mtu akiniuliza kama inaniuma
humwonyesha Mawenzi.
Kibo hahitaji kuonyeshwa,
yuko kwenye kalenda, kwenye chupa, kwenye fulana.
Namsema yule wa pembeni, mwenye meno yaliyong'oka.
Husimuliwa alikwenda kwa Kibo kuomba moto,
akarudi tena, akarudi tena,
mpaka akapigwa mchi.
Wageni humpita na fimbo zao mbili mbili
wakienda kupiga picha kwa mwenzake.
Hata shuleni hutajwa wa pili.
Lakini hajahama.

Jumamosi tukaonyesha.
Watu walijaa hadi madirishani.
Mwishoni, kama ilivyoandikwa, wakaingia wawili wawili:
mwana wa mfalme na Aikande, aliyekuwa mwanamume hadi dakika ile,
mchunga mbuzi na mpishi,
hata yule mlevi wa sehemu ya tatu kapata wake.
Mimi nimesimama karibu na kamba ya pazia
na mstari wangu wa kumi na saba mdomoni:
"Nami nitawafuata."

Ndipo mtoto mmoja wa mbele, kipande cha muhogo mkononi,
akauliza kwa sauti ya kuitia mbwa:
"Na yule mrefu je? Wake yuko wapi?"

Ukumbi ukavunjika mbavu.
Aikande naye akacheka, kiganja mdomoni,
vilevile alivyocheka mwaka ule nilipompelekea barua,
barua ya rafiki yangu;
mimi nilikuwa mshenga tu.

Nikamtazama mtoto.
Nikamwambia, "Yuko njiani. Barabara ya Uru ina tope."

Makofi yale sijawahi kuyasikia yakinielekea.
Nyuma ya pazia Mwalimu akanong'ona kwa meno:
"Huo haumo!"
Najua, Mwalimu.
Nimeusoma mchezo wako wote, hata kurasa nisizokuwemo.
Haumo.

Nikaondoka na joho langu vivyo hivyo.
Pale karibu na mnara wa saa
mlinzi wa duka la matairi akainuka, akavua kofia,
sijui kwa utani au kwa usingizi:
"Shikamoo, mheshimiwa."
Pete za pazia zikalia mgongoni.
Nikachomoa upanga kumwitikia,
ukapinda.