Miaka Mitano

Baba, umeshtakiwa.
Jina lako limo ubaoni, nambari kumi na saba,
korido ya mahakama ya Alipore,
na mbele yake neno moja dogo, "marehemu",
kama kofia aliyovikwa mtu bila kuiomba.
Anayekushtaki naye ni marehemu.
Mzee Laha alikutangulia kwa miezi mitatu;
mwanawe Debjyoti akairithi kesi
pamoja na ile saa ya ukutani.
Basi wafu wawili mnaitwa kwa sauti ya karani,
na sisi tulio hai tunaitika, "Nipo."

Wakili wao ni kijana, ana mafua.
Ananiuliza kwa upole:
"Ulikuwa ukiishi naye siku aliyofariki?"

Siku aliyofariki
nilikuwa nimeshika kijiko cha uji wa mchele.
Saa kumi na moja alfajiri bomba la uani lilianza kutoka,
na ndoo ikajaa peke yake.
Niliisikia ikifurika. Sikwenda.
Hayo nayasema, na hakimu anaandika:
"Anadai aliishi naye."

Wanataka karatasi, nimewaletea karatasi.
Stakabadhi za kodi, rupia thelathini na saba,
ulizozitunga kwenye waya tangu sijazaliwa;
daftari la muuza maziwa: nusu lita, robo,
kisha mstari mtupu kuanzia Novemba;
cheti cha daktari, mwandiko wa kuku,
hakuna kinachosomeka ila anwani yetu.
Laha alipoikataa kodi yako
ulipanda tramu kwenda kuiweka serikalini,
mwezi hata mwezi, miaka kumi na tisa,
ukirudi na muhuri mfukoni, umevimba kifua.

Sitasema uongo, Baba. Kwa pesa hiyo
mtu hapati hata nusu kilo ya kamba sokoni.
Debjyoti ana paa linalovuja
na mama anayesafishwa damu mara mbili kwa wiki.
Si zimwi. Ana madeni.

Lakini Anjan! Anjan wako yuko Pune,
ilani walimpelekea yeye, akaipokea, akatia sahihi,
"sina haja na vyumba hivyo."
Na sheria, wakili anapenga kamasi,
sheria huwaona warithi kama mwili mmoja:
akipokea mmoja, wamepokea wote.
Undugu ni kufaana, ulizoea kusema.
Huku, Baba, undugu ni kufungana,
mkono wake Pune, kamba shingoni kwangu.

Nami nikauliza, je, mimi sina changu?
Unacho, wakaniambia. Miaka mitano.
Mjane angekaa hadi kufa kwake,
ila Mama hakukusubiri;
mtoto hupewa miaka mitano
tangu mpangaji alipokata roho.
Kumbe siku ya kumi na moja, kuhani
alipokuwa akiyahesabu matonge ya wali wako,
hesabu nyingine ilikuwa ikienda chini chini.
Kumbe kila usiku niliokaa kukulilia
nilikuwa natumia.

Imebaki miaka miwili na miezi kidogo.
Sakafu nyekundu bado ina alama nne
za miguu ya kitanda chako. Sipigi deki hapo.

Kesi imeahirishwa hadi tarehe nne Machi.
Nje, chini ya ngazi, kwa wapiga chapa,
Debjyoti alinikaribia na vikombe viwili vya chai.
Hakujua aseme nini. Mwisho akasema,
"Ile saa baba yako aliyompa baba,
enzi zile wakicheza sataranji ngazini,
inachelewa dakika saba kila siku.
Nitafute fundi?"

Nilimtazama. Ana masikio ya baba yake.
"Iache," nikamwambia. "Iache ichelewe."
Nikanywa chai yote, nikawahi tramu,
maji hufunguliwa saa kumi.