Mto wa Kitambi

Kabla ya Agola nilikuwa chifu.
Asubuhi chifu mla rushwa katika ukumbi wa shule kule Ahero,
mchana chifu yule yule, Awasi, shati lile lile,
kitambi cha mto wa kulalia kimefungwa kwa kamba ya katani,
na wasichana wa kidato cha nne wakinakili maneno yangu
huku nikihukumiwa.
Malipo: mia tano na sahani ya maharage.

Siku moja mgeni wa heshima alikuwa Mheshimiwa Rapemo.
Akakaa mbele, akacheka hadi akafuta machozi kwa tai.
"Huyu chifu," akaniambia, "namjua kabisa."
Hakusema anamjulia wapi.
Binti yake alikuwa kando, amemshikia simu tatu.
Alinitazama mimi, si mto.

Nikaoa.
Ng'ombe niliopeleka walipigwa picha kuliko bibi harusi.
Kwetu mkwe halali kwa wakweze,
lakini mwaka wa kura hata mwiko huahirishwa:
tukapewa chumba Milimani, nyumba ya mageti mawili,
ambako hakuna anayeuliza, umeamkaje?
Wanauliza, umesikia nini?

Nikajifunza kazi upya.
Kusimama nyuma kidogo ya bega la kushoto.
Kupiga makofi kabla sentensi haijaisha.
Kulia matangani, Seme, Nyakach, Muhoroni,
machozi mawili tu, yasimzidi mfiwa.
Kwa mama, Chavakali, wakaniita mheshimiwa mdogo
wakangoja niwaletee lami.
Shikanga, aliyekuwa karani wangu jukwaani,
alinipigia mara moja:
"Nasikia umepata mchezo usio na mwisho."
Nikacheka. Jibu lake hakuna aliyekuwa ameniandikia.

Usiku Agola alinivua koti lenye beji ya baba yake,
akanigonga kifuani kama mlango:
"Kuna mtu humu?"
Siku nyingine nilichelewa kuitika.

Kisha Agosti.
Redio ikasoma namba, kituo baada ya kituo,
chai ikaota utando.
Kufika saa tisa za usiku wasaidizi walikuwa wameondoka, na magari.
Mheshimiwa akaingia sebuleni na soksi, karatasi mkononi,
mzee ghafla.
"Mkwe. Wewe umeshindwa mara ngapi mbele za watu?"
"Kila siku, baba. Saa tatu na saa nane."
"Basi nifundishe."

Nikasukuma meza. Nikamsimamisha zulia linapoishia.
Hapa pumua, nikamwambia. Hapa usimkimbilie Mungu.
Jina la aliyekushinda litamke lote, usilitafune.
Ukimaliza usingoje makofi. Geuka. Tembea.

Alirudia mara sita.
Mara ya sita sauti ilimkatika
mahali ambapo sikuwa nimemwelekeza,
na mimi, mtu wa machozi mawili,
sikuwa na la kusahihisha.

Nilikuwa nimekaa gizani, mtazamaji wake pekee,
nimekumbatia mto wa kochi tumboni,
nisijue nimeuchukua saa ngapi.